Kazi bila daftari hupotea bila habari



Tulikaa chini ya mwembe huko Koboko, mimi na watumishi saba wa kituo kimoja cha afya kilicho karibu na mpaka. Walikuwa wamepata barua. Barua ilisema kwamba maofisa watakuja kuchambua kazi za kituo, na kila mtumishi awe tayari kueleza anafanya nini. Basi walikuwa na hofu. Huku kwetu West Nile, ofisa akija na kalamu kuuliza "wewe unafanya nini hapa", watu huanza kuhesabu nani atabaki na nani atarudi nyumbani kulima muhogo.

Nikamwuliza mama mmoja, mfagizi, "Dada, kazi yako ni nini?"

Akajibu, "Nafagia."

Nikamwambia, "Vema. Sasa tuhadithie siku ya jana, tangu ulipofika mpaka ulipoondoka. Usiruke kitu."

Akaanza. Alifika saa moja kasorobo asubuhi akafungua milango. Akaenda kisimani akaleta madumu manne ya maji. Akafagia vyumba na baraza. Akaosha chumba cha kuzalishia, na mama mmoja alipojifungua akakiosha tena, damu na vyote. Akafua mashuka. Akakusanya pamba chafu na sindano zilizotumika, akazipeleka shimoni kuchoma. Akapanga wagonjwa kwenye foleni. Alikuja mgonjwa kutoka ng'ambo ya mpaka asiyejua lugha nyingine ila Kilingala. Mkunga hajui Kilingala, basi mfagizi akaitwa kutafsiri. Akamshika mzee mmoja aliyetaka kuanguka, akamfikisha kitandani. Akalinda lango wakati askari amekwenda kula. Jioni akafyeka majani ya uani, kisha akafunga milango.

Tukahesabu. Kufungua na kufunga milango tukaviweka pamoja, na hata hivyo zikawa shughuli 11. Barua yake ya kuajiriwa ilikuwa na maneno haya tu: kufagia, na kazi nyingine atakazopewa.

Ndugu msomaji, huenda wewe uko kiwandani, au shambani kwenye chai na miwa, ukasema haya ni mambo ya watumishi wa serikali. Ngoja kidogo. Maneno yale manne, "na kazi nyingine atakazopewa", yamo katika barua nyingi sana, za serikali na za kampuni. Ndani yake mnaingia jasho lisilohesabiwa. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Na kazi ni hivyo hivyo.

KUCHAMBUA KAZI NI KUFUNGUA MZIGO

Fikiri mzigo wa kuni. Mtu akiuona kichwani mwa mama barabarani husema "mzigo wa kuni", basi. Hajui kuni ni ngapi, zipi nene, zipi nyembamba, zimekatwa wapi. Ukitaka kujua, fungua kamba, uzipange chini mojamoja.

Kazi ni ule mzigo. Shughuli ni kuni mojamoja. Kuchambua kazi ni kufungua kamba na kuuliza kila shughuli maswali yake: Inafanywa nini? Kwa zana gani? Mara ngapi kwa siku au kwa wiki? Inachukua dakika ngapi? Inahitaji ujuzi gani? Na ikikosewa, nani ataumia?

Mtaalamu mmoja wa Marekani, Sidney Fine, alifundisha kwamba kila shughuli humkutanisha mfanyakazi na mambo matatu: habari, watu na vitu. Chukua fundisho hilo umtazame dada yetu wa Koboko. Aliyeandika barua yake aliona vitu tu, yaani ufagio. Hakuona watu: yule mzee na ile foleni. Hakuona habari: maneno ya mgonjwa yaliyopita mdomoni mwake kumfikia mkunga. Angekosea kutafsiri, mgonjwa angepewa dawa isiyo yake. Je, hiyo ni kazi ya ufagio?

KIPANDE TUNAKIJUA ZAMANI

Watu wa West Nile hawahitaji kufundishwa kwamba kazi inaweza kukatwa na kupimwa. Wakati wa ukoloni sehemu yetu ilifanywa ghala la vibarua. Walugbara na Waalur wengi walisafiri kwenda kusini, kwenye mashamba ya miwa ya Lugazi na Kakira. Huko walikikuta kipande. Nyapara anapima mistari, anasema "hiki ni chako", na usipokimaliza siku yako haihesabiwi. Swali ambalo kibarua hakuulizwa ni hili: nani ameamua kipande kiwe kirefu hivi?

Swali hilo lina historia yake. Frederick Taylor, mhandisi wa Marekani, alitoa kitabu mwaka 1911 juu ya kupima kazi kwa saa na kwa macho. Mwenyewe anaeleza humo habari za wapakiaji wa vipande vya chuma katika kiwanda cha Bethlehem. Kila mtu alikuwa akipakia kama tani 12 na nusu kwa siku. Taylor akachagua mtu mwenye nguvu, akampangia lini abebe na lini apumzike, na kipande kikawa tani 47. Ujira ukapanda kutoka dola 1.15 kwenda dola 1.85. Piga hesabu, ndugu. Mzigo uliongezeka karibu mara nne, na ujira haukuongezeka hata mara mbili. Tena kipimo kilichukuliwa kwa mtu mwenye nguvu kuliko wenzake.

Sisemi kupima kazi ni kubaya. Bila kipimo, bwana mkubwa hujipimia mwenyewe kwa kukisia. Nasema kipimo kina mwenyewe. Aliyeshika kalamu ndiye anayekata kipande.

NJIA TANO NA MITEGO YAKE

Shambani jani la chai huwekwa kwenye mizani. Katika utumishi wa umma hakuna mizani. Utapima kwa kilo gani kazi ya mkunga wa Koboko, karani wa jiji la Arua, mwalimu wa darasa la kwanza, au ofisa wa forodha pale Oraba kwenye barabara ya Sudan Kusini? Kwa hiyo wachambuzi hutumia njia nyingine. Ziko nyingi, lakini hizi tano ndizo mtakazokutana nazo.

Ya kwanza ni kutazama. Ofisa anakaa pembeni na saa yake, anaandika. Njia hii ni nzuri kwa kazi ya mikono inayojirudia. Mtego wake ni kwamba anaona siku aliyokuja tu. Akija Jumanne tulivu ataandika kwamba mkunga alikaa bure saa mbili. Hakuwepo usiku wa Jumamosi walipokuja akina mama wanne kwa pamoja. Tena mtu akitazamwa hubadilika: mmoja hukimbia kuliko kawaida apate sifa, na kipande cha wote kinarefushwa.

Ya pili ni kuuliza. Ofisa anakaa na mfanyakazi anamhoji. Hapa yanatoka mambo yasiyoonekana kwa macho, kama kufikiri, kuamua na kubembeleza mgonjwa. Mtego wake ni aibu na lugha. Mtu aliyeishi na Kikakwa au Kilugbara akihojiwa kwa Kiingereza hujibu neno moja, "nafagia". Mtego mwingine ni kumhoji msimamizi peke yake, kana kwamba yeye ndiye anayeshika ufagio. Dai kuhojiwa kwa lugha unayoimudu, na mwakilishi wa chama akiwa karibu.

Ya tatu ni fomu. Inapelekwa kwa watu wengi mara moja, ni rahisi. Mtego ni kwamba fomu huuliza yale tu aliyeiandika aliyafikiria. Kama hakuna mstari wa kutafsiri, kutafsiri hakupo duniani. Ukipata fomu ya namna hiyo, geuza karatasi uandike nyuma, kisha utie sahihi na tarehe.

Ya nne ni daftari la siku. Mfanyakazi mwenyewe anaandika kwa wiki mbili au zaidi alichofanya na muda wake. Mimi naipenda njia hii kuliko zote, maana kalamu iko mkononi mwa mwenye kazi. Mtego ni uvivu wetu. Watu huandika siku tatu, ya nne husahau, ya kumi wanajaza kwa kubuni. Daftari la kubuni linajulikana mara moja, na likijulikana linawaharibia wote.

Ya tano ni kikao cha wenye kazi. Huko Kanada, katika miaka ya 1960, ilianza njia ya kuwakusanya wafanyakazi hodari wachache wa kazi moja kwa siku moja au mbili. Wanataja shughuli zao, kila shughuli inaandikwa kwenye kadi, kadi zinabandikwa ukutani, wanabishana mpaka wakubaliane. Hapa Uganda nasi tumeiona. Baada ya sheria ya mafunzo ya ufundi ya mwaka 2008, Idara ya Mafunzo ya Viwandani ilikuwa ikiwaita mafundi wenyewe waeleze kazi zao kabla ya kuandika mitihani. Mtego wa kikao ni nani ameitwa. Wakiitwa wakubwa peke yao, ukuta utajaa kadi za wakubwa.

Juu ya hizo tano ongeza jambo moja. Mmarekani John Flanagan aliandika mwaka 1954 njia ya kukusanya matukio: siku ambayo kazi ilikwenda vizuri sana, na siku ambayo iliharibika. Aliianza kwa marubani wa jeshi. Ninyi itumieni kwa mambo yenu. Siku gani sindano ilimchoma mtu? Alikuwa anafanya nini, na mkono ulikuwa na glovu? Tukio moja la kweli, lenye tarehe, hufungua macho ya ofisa kuliko malalamiko kumi.

HESABU YA MKUNGA

Sasa tuone kwa hesabu shughuli isiyoandikwa inavyomfuta mtu.

Shirika la Afya Duniani lina njia ya kuhesabu watumishi kwa wingi wa kazi. Lilitoa kitabu chake mwaka 1998, likakitoa upya mwaka 2010, na Uganda imeitumia njia hiyo. Tuchukue mfano wa kubuni, tarakimu nyepesi, mfuate na penseli.

Mwaka una wiki 52, siku tano kila wiki, jumla siku 260. Toa likizo, sikukuu, ugonjwa na mafunzo, tuseme siku 50. Zinabaki 210. Kwa saa 8 kila siku, ni saa 1,680. Kumpima mama mjamzito kwa uangalifu tuseme kunachukua dakika 20, yaani akina mama watatu kwa saa. Mkunga mmoja, asiyefanya kitu kingine chochote, atawapima 5,040 kwa mwaka. Kama kituo kinapokea 10,080, wakunga wanaotakiwa ni 2.

Lakini nani aliyesema hafanyi kitu kingine? Anajaza rejesta, anaandika ripoti ya mwezi, anahesabu dawa, anahudhuria mikutano, anatafuta wa kutafsiri. Tuseme hayo yanakula robo ya muda wake. Saa 1,680 zinakuwa 1,260, na akina mama atakaowapima ni 3,780. Sasa gawanya 10,080 kwa 3,780. Unapata 2.67. Wanatakiwa wakunga 3.

Mnaona? Mkunga wa tatu amepatikana ndani ya rejesta na ripoti. Zisipoandikwa, yule wa tatu haajiriwi, na wale wawili wanabeba kazi yake mgongoni bila malipo. Kisha tunawalaumu kuwa wakali kwa wagonjwa.

Kwetu jambo hili lina uzito wa pekee. Koboko ilimegwa kutoka Arua ikawa wilaya mwaka 2005, na wilaya mpya huanza na watu wachache wenye vyeo viwiliviwili. Tena ni wilaya ya mpakani, inapakana na Kongo na Sudan Kusini, na wakimbizi wa Kongo wamekaa Lobule. Mgonjwa hakatwi kwa mpaka. Ukihesabu watumishi kwa idadi ya wenyeji peke yao, umeacha nusu ya foleni nje ya daftari.

KALAMU NA MSHAHARA

Baada ya kuchambua kazi, wakubwa huilinganisha na nyingine na kuipa ngazi. Serikalini ngazi zimeandikwa kwa herufi U: U8 ni ya chini, U1 ni ya juu. Kwa hiyo ile orodha ya shughuli, mtu anayoiona karatasi tu, ndiyo mzizi wa mshahara.

Wazee wanakumbuka yaliyopita. Mwaka 1990 watumishi wa serikali ya Uganda walikuwa kama 320,000. Katikati ya miaka ya 1990 walikuwa wamepunguzwa hadi karibu nusu. Walikuwemo majina hewa, ni kweli, na kuyafuta ilikuwa haki. Lakini waliondoka pia vibarua wengi wa serikali wa daraja la chini kabisa, wafyekaji na wafagiaji. Mtu ambaye kazi yake haikuandikwa ana silaha gani ya kujitetea?

Wengine wanakumbuka mwaka 2022. Serikali ilipandisha mshahara wa walimu wa sayansi wenye digrii hadi karibu shilingi milioni 4 kwa mwezi, na wenzao wa masomo mengine wenye digrii kama hiyo wakabaki karibu na milioni 1. Mwezi wa Juni chama cha walimu, UNATU, kikaitisha mgomo. Serikali ilisema nchi ina haja kubwa ya sayansi. Walimu wakauliza: huyu na yule wanaingia darasani saa ile ile, wanasahihisha madaftari, wanalinda zamu, tofauti ya kazi yao iko wapi? Kwa lugha ya makala hii, mshahara ulikatwa kwa jina la somo, na shughuli za mwalimu hazikupimwa.

Na sheria inasemaje? Mkataba namba 100 wa Shirika la Kazi Duniani, wa mwaka 1951, unataka ujira sawa kwa mwanamke na mwanamume wanaofanya kazi yenye thamani sawa, na unahimiza kazi zipimwe kwa haki kufuata yale yanayofanywa. Uganda iliukubali mwaka 2005. Sheria ya Ajira ya mwaka 2006 imetia msingi huo ndani, na inamtaka mwajiri ampe mfanyakazi maandishi yenye jina la kazi yake na masharti yake. Lakini thamani sawa haionekani mpaka mizigo yote miwili imefunguliwa. Mfagizi mwanamke na mlinzi mwanamume, nani ana kazi nzito? Usijibu haraka. Fungua kamba kwanza.

TUFANYE NINI

Kwanza, kila mmoja anunue daftari dogo la shule. Kwa wiki mbili kamili andika shughuli, saa na mara ngapi. Asiyejua kuandika amwambie mwenzake amwandikie, hakuna aibu. Andika kweli tupu. Ukiongeza chumvi, umempa ofisa sababu ya kutupa daftari zima.

Pili, kaeni pamoja wa kazi moja, mlinganishe madaftari, mtoe orodha moja. Wa zamu ya usiku wasiachwe.

Tatu, chukueni barua zenu za kuajiriwa, mweke alama mbele ya kila shughuli iliyomo. Zilizobaki bila alama ndizo "kazi nyingine". Hizo ndizo za kuzungumza na mwajiri, kupitia kamati ya chama, kwa maandishi, na nakala ibaki kwenu.

Nne, msikubali kipimo kichukuliwe kwa mtu mmoja hodari, au kwa siku moja, au bila mwakilishi wenu kuwepo. Hili linawahusu sana ndugu zangu wa mashambani na viwandani. Siku mtakapoletewa kipande kipya au idadi mpya ya kufikia, msianze na kelele. Anzeni na swali: kilipimwa kwa nani, siku gani, kwa zana gani, na mapumziko yako wapi?

Narudi kwa dada yetu wa Koboko. Maofisa walipofika alikuwa na daftari lake la siku 14. Walipomwuliza kazi yake ni nini, hakusema "nafagia". Alifungua ukurasa wa kwanza akasoma. Alisoma polepole, kwa Kiswahili, na ofisa mmoja alikuwa anaandika kwa haraka kumfuata.

Sitawadanganya kwamba mshahara ulipanda. Haukupanda. Lakini kuchoma taka na sindano kuliingia katika orodha ya shughuli zake, na kwa kuwa kumeandikwa, hatari yake nayo iliandikwa. Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya mwaka 2006 inamtaka mwajiri ampe mfanyakazi vifaa vya kujikinga. Baada ya miezi miwili vikaja buti na glovu nene. Kutafsiri bado hakulipwi. Lakini sasa kumo katika karatasi, na jina lake liko juu. Mwaka ujao kamati itaingia ofisini na karatasi hiyo mkononi.